Neno Hili ni la Nani?

Mjomba Charles ni mzee anayejiheshimu. Kila asubuhi hupaka nywele mafuta, akazichana zikalala, akapangusa kofia yake ndefu na kuivaa, kisha huyo, anatoka kwenda kwenye kibanda kidogo nyuma ya nyumba kuvuta kiko. Tumbaku yake ni nyeusi na kali. Mpwa wake haiwezi, na wamekubaliana mzee avutie huko nje. Huko huketi akavuta na kuimba, na aliye uani huona ukingo wa kofia na kichwa cha kiko vikichungulia mlangoni. Ndivyo inavyofunguka sura ya pili ya A Portrait of the Artist as a Young Man, riwaya ya James Joyce iliyotoka 1916.

Joyce angeweza kuandika kwamba mzee alikwenda. Hakuandika hivyo. Alichagua kitenzi cha kizamani chenye adabu nyingi, kitenzi cha wageni waalikwa wanaoinuka mezani kwa utaratibu na kuhamia sebuleni kunywa kahawa. Kitenzi hicho ndicho kilichompeleka mzee kibandani. Ni kama kusema kwa Kiswahili kwamba mzee alijongea faraghani.

Mwaka 1927 Wyndham Lewis, mchoraji na mwandishi mwenye kalamu kali, alikinyooshea kidole kitenzi hicho. Alisema ni neno la hadithi za bei poa, na kwamba mwandishi makini asingeliacha likapita. Lewis hakuwa mjinga. Alikuwa na jicho, na neno lile kweli limekaa pale kama mtu aliyevaa suti shambani. Wasomaji wengi wangekubaliana naye, au wangemtetea Joyce kwa kusema kwamba hata fundi hodari nyundo humteleza siku mojamoja.

Miaka 50 baadaye mhakiki Hugh Kenner alikirudia kitenzi kilekile. Hakukitetea, wala hakukiombea radhi. Alikiuliza swali: wewe ni neno la nani? Jibu lilikuwa hapo hapo, ndani ya ukurasa, kwenye mafuta ya nywele na kofia iliyopanguswa vumbi. Neno ni la Mjomba Charles mwenyewe. Ungemkuta mlangoni ukamuuliza anakwenda wapi, angekujibu kwa kitenzi hicho hicho, kwa heshima zote, kana kwamba kibanda kile ni baraza la wakubwa. Msimulizi hajalala usingizi. Amemkaribia mzee kiasi kwamba maneno ya mzee yameanza kumwingia kinywani, bila alama za kunukuu, bila kutuambia. Kenner aliandika hayo katika kitabu chembamba kiitwacho Joyce's Voices, 1978, na jambo lenyewe akalipa jina: Kanuni ya Mjomba Charles. Hadi leo wanafunzi wa Joyce wanaliita hivyo.

Nampenda Kenner kwa sababu nyingi, lakini ningekuwa na nafasi ya kutaja moja tu ningetaja hii. Alikutana na kitu kinachoonekana kama kosa, akakaa nacho.

Mfano wake wa pili nao ni neno moja tu. Hadithi ya The Dead, ya mwisho katika Dubliners ya 1914, inaanza na Lily, binti wa mtunza nyumba, anayehangaika mlangoni kuwapokea wageni wa karamu. Joyce anasema Lily amekimbizwa mpaka miguu imemtoka, na anaongeza neno linalodai kwamba hayo ni kwa maana yake halisi. Sasa, miguu haikumtoka. Mwalimu wa sarufi angeweka alama nyekundu. Ila sisi sote tunamjua msichana anayesema hivyo. Kwetu angesema amechoka kufa, tena kufa kwenyewe, na hakuna ambaye angekimbia kutafuta sanda. Kenner anasema neno ni la Lily. Kabla Lily hajafungua mdomo, tumeshaisikia sauti yake.

Kutoka hapo akapanda hadi kwenye jambo kubwa. Katika Ulysses, riwaya nyingine ya Joyce, kuna sura nzima, ya 16, ambayo imeandikwa kwa nathari iliyochakaa: misemo iliyotumika mpaka ikachujuka, sentensi zinazojizonga na kusahau zilikoanzia. Ni usiku sana, wahusika wamechoka, na wapo walioeleza kwamba basi nathari nayo imechoka. Kenner hakuridhika na jibu hilo. Alisema huo ndio mtindo ambao mhusika mkuu, Leopold Bloom, angeutumia kama angeshika kalamu mwenyewe, usiku ule alipokuwa akijitahidi kumfurahisha kijana msomi aliye pembeni yake. Yeyote aliyewahi kusoma barua inayoanza na "husika na kichwa cha habari hapo juu", iliyoandikwa na mtu mwema anayetaka aonekane ana elimu, anaijua nathari hiyo. Ukishaisikia kama sauti ya Bloom huioni tena kuwa mbovu. Unamhurumia na kumpenda.

Kazi yangu ni uhariri wa vitabu vya Kiswahili, na kanuni hii ilinikuta nimeshatenda kosa. Miaka kadhaa nyuma nilipokea mswada wa mwandishi kijana, riwaya yake ya kwanza, habari za mkamwana na mama mkwe wake chini ya paa moja. Lugha yake ilikuwa safi, sanifu, imetulia. Kisha katika ukurasa wa kwanza kabisa nikakuta kwamba mama mkwe "alitia guu lake ukumbini". Nikaona neno limeruka kutoka barazani na kutua kwenye nathari ya kimya. Nikalifuta. Nikaandika "aliingia ukumbini". Mwandishi hakusema kitu, kitabu kikachapwa.

Kiswahili kina chombo cha kazi hii ambacho Joyce hakuwa nacho. Mtu akiitwa mtu, ameitwa tu. Akiwa jitu, au kijitu, ujue kuna jicho linalomtazama, na jicho hilo lina mwenyewe. Mzee na zee, mtoto na kitoto na toto: anayetajwa habadiliki, anayebadilika ni mtazamaji. Msimulizi anaweza kusimulia kurasa 10 kwa utulivu, kisha akatoboa ngeli moja tu, na kwenye tobo hilo tukachungulia moyoni mwa mhusika bila kuambiwa kwamba "alimchukia" au "alimwogopa". Sisi wahariri tumezoea kuliona tobo hilo na kukimbilia kuliziba. Laiti Kenner angekijua Kiswahili. Angekaa kwenye ngeli zetu mwaka mzima.

Alizaliwa Peterborough, jimbo la Ontario, Kanada, tarehe 7 Januari 1923. Ugonjwa wa utotoni ulimwachia masikio mazito maisha yake yote. Mtu aliyesikia sauti ya msichana wa mlangoni ndani ya neno moja alikuwa hasikii vizuri. Kwangu mambo hayo mawili yanakwenda pamoja. Asiyesikia vizuri hujifunza kutazama mdomo wa msemaji, na swali lake la kwanza chumbani huwa: nani kasema?

Toronto alisoma chini ya Marshall McLuhan, ambaye baadaye alipata umaarufu kwa maandishi yake juu ya vyombo vya habari. Alipokuwa mwanafunzi, Ulysses ilikuwa bado imepigwa marufuku nchini kwao. Mwaka 1948 wawili hao walikwenda Washington kumwona mshairi Ezra Pound, aliyekuwa amewekwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili ya St. Elizabeths. Pound alishtakiwa kwa uhaini kwa kutangaza redioni kutoka Italia akiunga mkono upande wa Mussolini wakati wa vita, na mahakama iliona hali ya akili yake haimruhusu kusimama kizimbani. Alimwambia kijana yule wa miaka 25 kwamba ana wajibu wa kuwatembelea watu wakubwa wa zama zake wangali hai. Kenner alilichukua neno hilo kama wasia. Aliwaendea: Wyndham Lewis yule yule, T. S. Eliot, William Carlos Williams, Marianne Moore, na Samuel Beckett huko Paris. Alipata udaktari Yale mwaka 1950, na kitabu chake cha kwanza kikubwa kuhusu Joyce, Dublin's Joyce, kikatoka katikati ya miaka ya 1950. Baada ya hapo vitabu vilifuatana, vyote pamoja zaidi ya 20, huku akifundisha Santa Barbara, kisha Johns Hopkins, na mwishowe Georgia, alikofariki Novemba 2003.

Ulezi huo wa kwenda kuwaona waliotengeneza kazi zenyewe unaonekana katika kila ukurasa wake. Aliizungumzia sentensi kama mtu aliyewahi kuingia karakana ilikotengenezwa. Tena alipenda kujua kila kitu kinavyofanya kazi. Aliandika kitabu cha hisabati za kuba zile zinazoundwa kwa pembetatu ambazo Buckminster Fuller alizieneza, na hicho ni kitabu cha mtu anayetaka kujenga kweli, chenye hesabu zake. Aliandika juu ya Chuck Jones, mchoraji wa katuni za sinema. Kompyuta za nyumbani zilipoingia alikuwa miongoni mwa wa kwanza kuzikumbatia, na aliwahi kuchukua kipande cha nathari ya Beckett akakiandika upya kwa lugha ya kuamuru kompyuta, kuonyesha kwamba sentensi zile zinakwenda kwa hatua kama programu. Wapo waliokereka. Mimi naona ndipo alipokuwa mwaminifu zaidi kwa Beckett.

Beckett ni mwandishi anayewachosha watu haraka. Wazee walemavu wanatambaa, wanasahau, wanahesabu vitu visivyo na maana, na hakuna kinachotokea. Mhakiki wa kawaida angekimbilia neno "upuuzi wa maisha" akafunga daftari. Kenner, katika kitabu chake cha 1961 juu ya Beckett, aliitazama baiskeli.

Molloy, katika riwaya yenye jina lake iliyotoka kwa Kifaransa mwaka 1951, ana mguu mmoja mkavu usiokunjika, ana magongo mawili, na ana baiskeli. Huyafunga magongo kwenye bomba la fremu, akauegesha mguu mkavu mbele penye ekseli, akakanyaga pedali kwa mguu mzima. Anaipenda baiskeli hiyo, na honi yake zaidi. Msomaji anapita, anacheka kidogo, anaendelea. Kenner anasimama. Anatuomba tumtazame mtu juu ya baiskeli kama kiumbe kimoja: juu akili inayoamua na kuelekeza, chini mashine isiyoumwa, isiyougua jongo, inayotii. Anamkumbuka mwanafalsafa Mfaransa Descartes, wa karne ya 17, aliyeitenganisha akili na mwili na kuuona mwili kama mashine. Basi huyu mwendesha baiskeli ndiye binadamu kamili wa Descartes, nusu akili, nusu chuma, na kati yao hakuna ugomvi. Wagiriki wa kale walikuwa na kiumbe wao, kiwiliwili cha mtu juu na farasi chini. Kenner akasema Beckett ametengeneza wa kwake, mwenye magurudumu.

Halafu anafuata kinachotokea. Molloy anaipoteza baiskeli, anabaki na magongo, mwisho anatambaa msituni kwa tumbo. Katika riwaya inayofuata Malone yuko kitandani, na katika kuorodhesha vitu vyake anataja kifuniko cha kengele ya baiskeli. Katika ya tatu msemaji ni kiwiliwili ndani ya mtungi, hana hata uhakika kwamba ana mwili. Vitabu vitatu vilivyoonekana kama rundo la manung'uniko vimegeuka kuwa mteremko mmoja ulionyooka, mtu akivuliwa mashine yake kipande baada ya kipande mpaka inabaki sauti. Kenner hakuleta nadharia kutoka nje na kuivalisha riwaya. Aliokota kitu kilicholala barabarani, akauliza kimetoka kwenye nini.

Aliyewahi kuona baiskeli zikipanda kilima zikiwa na magunia ya mkaa nyuma, dereva akisukuma kwa bega, atamwelewa Kenner kwa urahisi kuliko msomaji wa London. Sisi tunajua kwamba baiskeli ni sehemu ya mwili. Inapoharibika, mwenyewe huchechemea.

Katika riwaya hiyo hiyo ya Molloy kuna mawe 16. Molloy huyanyonya, jiwe moja baada ya jingine, na ana mifuko minne. Shida yake ni hii: anataka kuyanyonya yote 16 kwa zamu, bila hata moja kurudiwa kabla ya zamu yake. Akiweka manne manne na kuyahamisha kwa mzunguko, hana hakika kwamba hanyonyi yale yale manne daima. Anapanga, anapangua, anapanga tena, kurasa kwa kurasa. Mwanzoni nilizisoma kurasa hizo kwa kuzirukaruka. Nilikuja kuzipenda niliposoma kwa macho ya mcheza bao: mifuko ni mashimo, mawe ni kete, na mtu amekaa peke yake bila mpinzani akitafuta mtaji wa haki. Hatimaye anaupata, kwa kukubali mifuko isiyolingana uzito. Anaridhika. Kisha anayatupa mawe yote isipokuwa moja, na hilo nalo halikai.

Kenner anaeleza kwamba huu ndio ulimwengu wa Beckett: vitu ni vichache, idadi inajulikana, na kazi ya akili ni kuvipanga mpaka mipango yote iishe. Wazo hilo alilitanua mwaka uliofuata katika The Stoic Comedians, kitabu kifupi ambacho rafiki yake Guy Davenport alikitia michoro, na ndani yake akawapanga Flaubert, Joyce na Beckett katika mstari mmoja. Kwake, kitabu kilichochapwa ni kitu chenye mipaka, herufi zinazohesabika, kurasa zenye namba. Joyce aliifurahia mipaka hiyo kama mwenye duka anayehesabu mali yake. Beckett aliigeuza kuwa chumba kisicho na mlango.

Wanaoanza kumsoma Kenner naona waanze na kile alichokiita Ulysses tu, cha 1980. Humo ana sura juu ya kuchelewesha. Joyce, anasema, hukupa jambo leo na maana yake baada ya kurasa mia kadhaa, na hakuiti wala hakukumbushi. Asubuhi ya tarehe 16 Juni 1904 Bloom anatoka nyumbani, anapapasa mifuko. Ufunguo hana, umebaki kwenye suruali nyingine. Kiazi anacho. Kiazi? Hakuna maelezo. Mtu haelezi kiazi chake kwa nafsi yake mwenyewe. Anakijua. Msomaji anabaki na kiazi mkononi karibu kitabu kizima, mpaka usiku wa manane, katika mtaa wa makahaba, ndipo kinapotokeza kuwa ni kumbukumbu ya marehemu mama yake. Ufunguo nao unadai siku inapokwisha: Bloom hawezi kufungua mlango wa nyumba yake na inambidi aruke uzio kwa mbele na kujishusha chini. Joyce alijali jambo hilo kiasi cha kumwandikia shangazi yake huko Dublin aulize kama mtu wa kawaida anaweza kweli kuruka uzio wa nyumba ile, namba 7 Eccles Street, na kutua salama.

Ugumu wa Ulysses, kwa kusoma kwa Kenner, mwingi wake ni wa aina hii. Ni ugumu wa kukaa katika nyumba ya watu wengine, ambako kila mmoja anajua kinachosemwa na hakuna anayemtafsiria mgeni. Ukikaa siku ya tatu unaanza kuelewa. Ukiondoka siku ya kwanza utasema watu wale wana siri.

Lakini alikuwa na hatari yake. Alikuwa na akili inayopenda kutegua mpaka inategua kisichotegwa. Bloom anaporudi usiku anajigonga kichwa kwenye kabati la vyombo, kwa sababu fanicha zimehamishwa. Nani kazihamisha? Swali ni zuri, na halikuwa limeulizwa kwa uzito huo. Kenner akajibu kwamba Molly, mkewe, alimpa Boylan, hawara aliyemtembelea mchana ule, kazi ya kusukuma samani, labda ili amchoshe na kumchelewesha. Hapo mimi namwacha aende peke yake. Kitabu hakitoi ushahidi wa kutosha, na Molly katika sura yake ya mwisho hasikiki kama mtu aliyekuwa akitafuta kuchelewesha. Hata hivyo, tangu nimsome sijawahi kupita pale penye kabati bila kusikia kishindo cha kichwa na kujiuliza habari za mchana ule.

Kuna kosa jingine zito kuliko hilo. The Pound Era, kitabu chake cha 1971 chenye kurasa zaidi ya 600, ndicho kikubwa kuliko vyote alivyoandika, na kinafunguka kwa namna ambayo sijaiona kwa mhakiki mwingine: jioni ya kiangazi London, mtaa wa Chelsea, na mwanga wa jua ukiangukia kizibao chekundu cha mwandishi mzee Henry James anayetembea. Humo anashika shairi dogo la Pound la maneno machache na nukta nyingi, ambalo watu walilidhania mzaha, akaonyesha kwamba limetokana na kipande cha kweli cha ngozi ya kale chenye maneno yaliyokatika ya Sappho, mshairi wa Wagiriki wa kale, kilichochapishwa na wataalamu wa Ujerumani mwanzoni mwa karne ya 20. Nukta zile ndipo ngozi ilipochanika. Ni kazi ya kupendeza mno. Lakini mtu huyo aliyeweza kusikia uzito wa nukta tatu hakutaka kusikia vya kutosha chuki ambayo Pound aliitangaza redioni dhidi ya Wayahudi. Anaitaja, anaipunguza, anaendelea na safari. Mapenzi ya mwanafunzi kwa mwalimu yalimziba sikio pale alipohitajika kusikia kuliko mahali pote. Mwandishi Virginia Woolf naye, Kenner alimsukuma pembezoni, akamnyima nafasi kati ya wajenzi wakubwa wa riwaya ya zama zao, na sielewi inawezekanaje mtu aliyegundua namna msimulizi anavyoingiwa na sauti za wahusika asione kwamba Woolf alikuwa akifanya hilo hilo mchana na usiku.

Nayasema haya kwa sababu nimemsoma kwa miaka mingi na namdai.

Deni langu kwake ni la lugha yangu mwenyewe. Euphrase Kezilahabi alipotoa Nagona mwaka 1990 na Mzingile mwaka 1991, wasomaji waliompenda tangu Rosa Mistika walijikuta mahali pasipo na njia. Nakumbuka nilivyoanza Nagona mara tatu na kuishia njiani mara tatu. Nilikuwa nauliza: maana yake nini? Mara ya nne niliacha swali hilo, nikaanza kuuliza la Kenner: neno hili ni la nani, nani anasema hapa, amelitoa kinywani mwa nani? Sikumaliza nikiwa nimeelewa kila kitu. Nilimaliza nikiwa nimesikia sauti ambazo mwanzo nilizidhania ni moja.

Baada ya hapo ndipo nilipoitafuta ile riwaya ya mkamwana, kwa sababu kampuni ilitaka kuichapa upya. Nikatoa na mswada wa awali kabatini, wenye wino wangu mwekundu, nikaviweka vyote viwili mezani. Nikafuata neno moja tu, kama Kenner alivyofuata baiskeli. Ukurasa wa kwanza, mama mkwe anatia guu. Katikati, mama mkwe ameanguka bafuni, na msimulizi anasema mkamwana aliliinua lile guu akalilaza juu ya mto. Hapo napo wino wangu ulipita: mguu, niliandika, nikidhani nasahihisha upatanisho wa ngeli. Kisha sura ya mwisho, mama mkwe hatembei tena, jioni imeingia, na mkamwana anauosha mguu wake. Mguu. Pale hapakuwa na wino wowote, kwa sababu pale mwandishi mwenyewe aliandika hivyo.

Nilimpigia simu.

"Shikamoo, kaka."

"Marahaba. Nimeliona guu."

Alinyamaza kidogo. Nikamuuliza mbona hakuja kunigombeza wakati ule.

"Kaka, kilikuwa kitabu changu cha kwanza."

Chapa ya pili ilitoka na guu ukurasa wa kwanza, na guu juu ya mto. Ukurasa wa mwisho hatukuugusa. Mkamwana amepiga magoti mbele ya beseni, mikono ya gauni ameikunja, na mguu wa mama umo majini.